Debora Amekuja Kujiona

Mama yangu alizeeka bila kujua maana ya jina lake. Alibatizwa Debora, akalitumia jina hilo kama mtu anavyotumia jembe, hadi mchungaji wetu wa Kitale alipomwambia kwamba kwa Kiebrania Debora ni nyuki. Mama akacheka mpaka akajishika mbavu. "Kumbe walinijua mapema," akasema. Ulimi wake uliuma watu, na wale wale aliowauma walirudi jikoni kwake wakiwa na njaa.

Sisi ni Wakikuyu wa Trans-Nzoia. Kwetu msichana wa kwanza ni wa upande wa baba, wa pili hupewa jina la nyanya mzaa mama, na nyanya huyo husema amezaliwa tena. Mimi niliolewa Bungoma. Binti wa kwanza alibeba jina la marehemu nyanya wa mume wangu. Nilipojifungua wa pili, Mama alikuwa mgonjwa wa moyo. Alikuja hivyo hivyo, na gunia la mahindi na miguu iliyovimba, na kabla ya kuketi akauliza, "Niko wapi? Nimekuja kujiona."

Aliyemjibu ni mama mkwe wangu. Alijibu kwa upole, na upole huo sijausamehe. "Mama, hapa kwetu mtoto hapewangi jina ya mtu ako hai. Itakuwa ni kama tunakuombea kifo."

"Na mkininyima, mnaniombea nini?"

Mume wangu aliangalia viatu vyake. Mimi nilisema kwa sauti kwamba mtoto ni Debora, nikaambiwa nipumzike, nimetoka kujifungua juzi tu. Mama alimpakata mtoto kidogo, akamrudisha, akasema chai yetu ina maji mengi. Akarudi Kitale bila kuzaliwa.

Tulimzika mahindi yake yakiwa yamefika magotini.

Niliporudi Bungoma mtoto alilia, akakataa titi, akakataa mgongo. Mama mkwe akamchukua, akaketi naye mlangoni mchana kweupe, akaanza kumwitia majina ya wafu. Kwao mtoto akilia hivyo kuna marehemu anayetaka jina, na akinyamaza, aliyetajwa ndiye amekuja. Akataja nyanya zao, akataja shangazi. Kilio hakikupungua. Kisha akanitazama, akasema, "Debora."

Mtoto akanyamaza.

"Si ameitika!" Mama mkwe alipiga makofi, na machozi yakamtoka, ya kweli kabisa. "Sasa ni sawa, bana. Sasa anaweza itwa."

Sasa. Mama alisafiri na moyo mbovu ili asikie jina hilo moja likiitwa, na kumbe kilichokosekana ni yeye kufa kwanza. Boma zima lilifurahi. Mimi sikuwa na furaha, na mpaka leo sina. Waliponiwekea Debora mapajani alikuwa ametulia, macho makavu, akinitazama. Nilimwomba alie tena. Hakulia.