Mshukiwa wa Nyamasaria

Nimeripoti uhalifu kwenye televisheni hapa Kisumu miaka mingi, hadi sura yangu imekuwa kama king'ora cha ambulensi. Nikisimama sokoni Otonglo kununua mboga, watu huanza kuulizana nani ameuawa.

Jumamosi moja nilienda Nyamasaria kumwona mtoto mchanga wa kaka yangu. Nilijifunga leso kichwani, nikabeba sukari na sabuni. Kabla sijabisha mlango, majirani walikuwa wamejaa uani.

"Madam, kamera iko wapi?" mama mmoja akauliza. "Nani amefanya nini hapa?"

"Hakuna aliyefanya kitu! Nimekuja kuona mtoto," nikafoka. Kwani mimi siwezi kuwa shangazi kama watu wengine?

Hawakuniamini. Yule mama akaingia jikoni kwa kaka yangu, akatoka na mwiko, akanishikisha. "Haya, basi tusomee hiyo habari ya mtoto."

Niliudhika, halafu kicheko kikanishinda. Nikauinua mwiko mdomoni, nikatoa sauti yangu ya kila jioni: "Wakazi wa Nyamasaria wanakesha, kufuatia kuwasili kwa mshukiwa asiye na meno. Mshukiwa huyo, anayesemekana kufanana na nyanya yake, alinaswa akinyonya. Anazuiliwa kifuani mwa mamake, na amenyimwa dhamana."

Uani kukawa vigelegele na vifijo. Nimesoma habari nyingi maishani, lakini hiyo ndiyo ya kwanza watu kuniomba niirudie.