Mji Niliomsomea Khalti Salha

Juzi nilikuwa Ruwi, mtaa wa Maskati, nikisubiri gari langu libadilishwe breki, na kwa kuwa jua lilikuwa kali nikajitia ndani ya duka la vitabu vilivyotumika lililo jirani na gereji. Sikuwa na haja ya kitabu. Nilivuta kimoja kwenye rafu kwa sababu tu kilikuwa kinene na kina picha, nikakifungua katikati, na ile harufu ikanipanda puani: karatasi nzito ya kung'aa, wino, na kitu kama gundi. Kilikuwa kitabu cha kuwaongoza wasafiri, cha mji mmojawapo wa Ulaya, sikumbuki upi. Kilichokosekana ni udi tu. Nikakirudisha upesi nikatoka nje, na nafikiri mwenye duka alidhani nimeshtushwa na bei.

Niwaambieni ukweli, vitabu vingine vyote ni marafiki zangu. Hivyo vya wasafiri ndivyo nisivyoviweza, na sababu yake sijapata kumwambia mtu mpaka leo.

Cha kwetu kilikuja ndani ya sanduku la bi harusi. Sisi ni Waomani wa Unguja, na wakati huo tulikuwa tunakaa Al Amerat, nyuma ya milima, nyumba moja na Bibi. Khalti Salha, mdogo wake mama yangu, alikuwa ameposwa na mhandisi aitwaye Nassor, kijana aliyesoma Ulaya na kurudi na miwani myembamba na tabia ya kutazama saa. Likaja sanduku kama ilivyo ada. Wanawake walikaa kwenye zulia wakitoa kitu kimoja kimoja na kukipigia vigelegele: doti za kanga, vitambaa vya hariri, manukato, udi kwenye kopo lake, viatu. Kisha mkono wa jirani yetu ukaibuka na kitabu, na vigelegele vikakatika njiani.

Bibi alikipokea, akakigeuza mbele na nyuma. "Mji wa nani huu?"

"Lisbon, Bibi. Wa Wareno," nikasema, maana nilikuwa nimeshasoma jalada.

"Watu hawa tumewafukuza Maskati, tumewafukuza na Unguja," alisema Bibi. "Leo wamerudi sandukuni."

Wanawake walicheka mpaka wakajifuta macho, kitabu kikawekwa kando, na shughuli ikaendelea. Khalti peke yake hakucheka. Alikichukua, akakifunika kwa upande wa shela yake kama mtu afichaye sahani asiombwe.

Nilikuwa na miaka tisa, na nilikuwa nasoma shule ya kulipia, ya Kiingereza. Khalti alisoma shule za serikali, kwa Kiarabu, na Kiingereza chake kilitosha kazi ya ofisini wizarani, hakikuzidi hapo. Siku chache baada ya sanduku aliniita chumbani kwake baada ya sala ya alasiri, akafunga mlango, akanipa kitabu. Kilikuwa kimelala pamoja na udi na kinanukia udi kila ukurasa. "Nisomee," akasema. "Kwa Kiswahili."

Hivyo ndivyo tulivyoanza. Mimi nilijilaza kifudifudi kwenye zulia, yeye kitandani amefumba macho, na nikawa nausoma mji kwa Kiingereza na kuutoa kwa Kiswahili. Kitabu kiliugawa mji kwa matembezi, na kila tembezi lina ramani yake na mstari mwekundu wa kufuata. Baada ya muda kusoma kukawa hakutoshi, tukawa tunatembea kweli. Kitanda kilikuwa kilima cha ngome. Meza ya kujipambia ilikuwa uwanja mkubwa ulio kando ya mto. Ukumbi mrefu uendao jikoni ulikuwa mtaa unaopandwa na tramu, zile gari za reli za rangi ya manjano, ambazo mimi nilimwambia Khalti zinaparamia kilima kama mbuzi wa Jabal Akhdar, kule milimani kwetu. Khalti alinifuata na mkoba wake mkononi, kwa heshima zote.

"Hapa tunapinda kushoto, kuna kanisa la zamani," nikasema.

"Tunaingia?"

"Tunaingia. Kitabu kinasema ukipita bila kuliona dari lake umejidhulumu."

"Basi yallah, tuingie." Nasi tukaingia kabatini.

Kitabu cha watu wazima kina sehemu ambazo mtoto hukwama. Mimi nilipokwama sikusimama, kwa sababu Khalti alikuwa akisikiliza kwa utulivu mtamu ambao sikutaka kuukata. Mahali pa ngome palikuwa na aya moja nzito yenye maneno marefu ya kuta na wafalme, sikuielewa hata nusu. Nikaweka kisima. Nikasema ndani ya ngome kuna kisima, na ukiinama ukaita jina lako, jina linatokea upande wa pili wa kilima na watu wa huko wanalisikia. Khalti alifumbua macho. "Soma tena hapo," akasema, nami nikasoma tena, na mara hii kisima kikawa kirefu zaidi.

Siku hiyohiyo nikapata ujasiri wa kuuliza. "Khalti, wewe utakwenda?"

"Baada ya harusi, inshallah."

"Na mimi?"

Akanivuta karibu akanishika kidevu. "Nnakwenda na nani basi kama si wewe? Nani atanisomea njiani?"

"Sema wallahi."

"Wallahi, mimi na wewe. Lakini usimwambie mtu, hata mama yako. Safari ikisemwa inaingia jicho."

Hapa inabidi niwaeleze kwetu kulivyo, wale msiotujua. Katika nyumba yetu safari haikutangazwa kamwe. Watu walifunga mizigo kimyakimya, wakapakia garini wakati jirani wako msikitini, na habari zikatolewa pale ndege ilipokwisha kutua. Tulipokwenda Unguja wote nyumba nzima, Mama aliwaambia majirani tunakwenda Nizwa, humuhumu nchini, mara moja. Hata shangazi yangu alipokwenda India kutibiwa goti tulijua baada ya kurudi, alipoanza kupanda ngazi. Watu wakimya ndio wasafiri, hilo nililijua kabla ya kujua kusoma. Basi kadiri watu wa nyumbani walivyokaa kimya juu ya Lisbon, ndivyo nilivyozidi kuamini kwamba ninakwenda.

Bwana harusi sikumweka katika hesabu hata kidogo. Kwangu mimi Ami Nassor alikuwa mtu wa kutupeleka uwanja wa ndege na kuja kutuchukua.

Nikajitayarisha kama kitabu kilivyoagiza. Kitabu kilisema jioni za huko zina baridi, nikaficha sweta ndani ya begi la shule la mwaka wa nyuma, chini ya kitanda. Kilisema mitaa ni ya mawe na msafiri avae viatu vilivyokwisha kuzoea mguu, nikawa navaa viatu vyangu vipya ndani ya nyumba, jambo ambalo Bibi hakulivumilia. "Viatu juu ya zulia, mtoto huyu kaingiliwa na nini?" alisema, na mimi nikachekea kiganjani. Nilimwonea huruma Bibi kwa vile hakujua. Niliwaonea huruma wote.

Harusi ikafanyika, ikapita. Khalti akahamia kwa mumewe Azaiba, karibu na bahari, na kitabu akaondoka nacho. Sikujali. Nilikuwa nimekihifadhi kichwani, na nilijua atanirudia. Alipokuja kututazama alinikumbatia kuliko siku zote, akanipa chokoleti, na nilipomkonyeza alinigeuzia uso akazungumza na Mama. Nikasema moyoni, Khalti anajua kuficha.

Ilikuwa Ijumaa asubuhi. Nilitoka chumbani, viatu miguuni, na harufu ya mkate wa kumimina imejaa ukumbini, na nikamsikia Bibi anapiga kelele kwenye simu kama kawaida yake, akidhani mtu akiwa mbali lazima asemeshwe kwa nguvu. "Mmefika? Alhamdulillah. Baridi iko? Haya, mjifunike." Akaikata simu, na papo hapo nyumba nzima ikafunguka mdomo. Mama akasema walipita Doha. Kaka yangu akasema Ami Nassor alimwonyesha picha ya hoteli. Binti wa kazi naye alijua, ndiye aliyepiga pasi nguo za safari. Wote walikuwa wanajua, kila mmoja.

"Nani kafika?" nikauliza.

"Khalti yako na mumewe," akasema Mama, akikata mkate. "Wako Ureno, fungate yao. Hatukukwambia, wewe mtoto ungesema shuleni."

Wasomaji wangu, nimepata kufiwa, nimepata kuachwa, na nasema bila aibu kwamba asubuhi ile ni katika asubuhi mbaya nilizopata kuziona. Nilikaa nikala mkate wangu. Mimi niliyefunga mdomo kwa ajili ya safari ile, niliyekataa kumwambia hata mama yangu mzazi, ndimi niliyekuwa nafichwa. Na kilichonikaba zaidi ni kwamba nisingeweza hata kulia wakanielewa, kwa vile hakuna aliyejua kwamba nilikuwa na kitu cha kupoteza. Nilirudi chumbani nikavua viatu, nikatoa sweta kwenye begi nikalikunja na kulirudisha mahali pake. Mama aliniona nimepooza, akanipa maji ya tangawizi, akasema ni tumbo.

Waliporudi, Bibi aliwaalika wanawake. Kukawa na kahawa na halua, na Khalti katikati, amevaa gauni la buluu, amekonda kidogo. Mimi alinipa jogoo wa plastiki wa kutia funguo. Kisha wakamwomba awahadithie, naye akahadithia.

Akahadithia maneno yangu. Hakubadilisha hata moja. Aliwaambia zile tramu zinaparamia kilima kama mbuzi wa Jabal Akhdar, na wanawake wakacheka. Aliwaambia kuna kanisa ambalo ukipita bila kuliona dari lake umejidhulumu. Nilikaa pembeni nimekamata trei ya vikombe, nawasikia wakimsifu kwa ulimi wake, na uso unaniwaka. Nilidhani amechukua vyote. Kumbe kilibaki kimoja.

"Na ndani ya ngome kuna kisima," akasema Khalti. "Ukiinama ukaita jina lako, linatokea upande wa pili wa kilima. Mimi niliita. Wallahi nilijisikia."

Niliinua macho. "Kisima kiko wapi, Khalti?"

Akanitazama kwa mara ya kwanza siku ile. "Palepale ngomeni, mwanangu. Kwani hujui?"

Nilijua. Kisima nilikuwa nimekitunga mimi, juu ya zulia, kwa kutoelewa aya. Nilijua kwamba khalti yangu amesema uongo mbele ya watu, tena kwa kiapo kilekile alichoniapia mimi, na akili yangu ya miaka tisa ikafika hapo ikakoma. Niliamua ni mwizi tu. Ameniibia safari, na hakutosheka, ameniibia na maneno. Sikumsogelea tena kwa muda mrefu, na watu wakasema nimeanza kukua, nimekuwa na haya.

Nilikuwa nimeshaanza kazi Khalti aliporudi Al Amerat na masanduku yake, ameachika. Alasiri moja tulikuwa jikoni tunakaanga sambusa, yeye anakunja mimi natia mafutani, na bila ya kuulizwa akasema, "Lisbon sikuiona, unajua."

Nikageuka.

"Nilikaa hotelini. Nassor kila siku akitoka asubuhi, akisema anakwenda kwa wenziwe aliosoma nao. Alikuwako mwanamke, tangu zamani, mimi nilikuja kujua baadaye. Dirisha letu lilitazama maegesho ya magari. Kutoka peke yangu nikiogopa, kitabu nikikifungua sikielewi. Basi nikilala nikifumba macho, nikikusikia wewe unanisomea. Hivyo ndivyo nilivyotembea."

"Na kwa nini ulitaka kuujua mji wote ule?"

"Aliponiletea kile kitabu aliniambia nisome, nisije nikamtia aibu. Nilitaka anione najua." Akabana ukingo wa sambusa kwa vidole. "Ningekwenda na wewe, tungeuona mji."

Nilimhurumia, niseme kweli, mpaka nikazisahau sambusa mafutani. Yale niliyoyaona wizi yalikuwa ya mtu aliyerudi mikono mitupu, anaombwa ahadithie mbele ya watu, na hana pa kuchota ila kwangu. Miaka yote ile nilikuwa nimebeba hasira upande wangu bila ya kujua kwamba na yeye alikuwa ameachwa nyuma, tena akiwa palepale mjini. Nikangoja. Nilihisi limekuja sasa, lile neno nililolisubiri tangu utoto, na nilikuwa tayari kumsamehe kabla hajalimaliza.

Yeye akachukua manda nyingine akaanza kuikunja. Nikamsaidia kukumbuka. "Khalti, unakumbuka uliniapia?"

Akainua uso, unga kwenye kidevu, akafikiri kwa dhati. Mtu aliyeshika kila neno nililomsomea, mpaka mbuzi na dari la kanisa, alitafuta na hakupata.

"Nilikuapia nini, mwanangu?"

Nikamwambia si kitu, sambusa zinaungua. Siku ile ndipo nilipofahamu kwamba kiapo nilichokilalia na kuamka nacho, kwake kilikuwa neno la kumfanya mtoto aendelee kusoma.