Mila Aliyoitunga Dafrosa

Dafrosa, mjane wa Évode, si mtu wa kusimuliwa sana. Alizaliwa Bukoba, akamaliza kidato cha nne, akaolewa na Mrundi aliyekutana naye Kigoma, na mwaka huu anatimiza miaka ishirini na minne Stockholm. Anakaa Fisksätra, ghorofa ya tatu. Kazi yake ni kuwahudumia wazee katika nyumba ya wazee: kuwaogesha, kuwalisha, kuwaitikia wanapomwita kwa jina la dada yao aliyekufa zamani. Jumapili huimba sauti ya pili kwenye kwaya. Akipanda treni akakumbuka kwamba hakukata tiketi, hushuka kituo kinachofuata na kusimama kwenye baridi akingoja nyingine. Mtu wa namna hiyo akidanganya, hajui afanyeje na uongo wake. Hana mahali pa kuuweka.

Évode alifariki Januari. Alikuwa fundi wa lifti, mtu mwenye afya na mzaha mwingi. Moyo ulisimama asubuhi moja akiwa mlangoni, koti amelivaa mkono mmoja. Mungu amlaze mahali pema.

Wiki ya saba baada ya mazishi, mtoto wao wa pekee, Tiana, aliyekuwa anasoma chuo cha Flemingsberg, alirudi nyumbani na barua. Amepata nafasi ya kusoma Japani mwaka mzima, kuanzia Septemba. Fomu za maombi alizijaza na baba yake, usiku tatu mfululizo, wawili hao wakicheka mezani kama watoto. Sasa aliiweka barua ile mbele ya mama yake taratibu, kama mtu anayemwekea mgonjwa uji.

Dafrosa aliisoma mara mbili. Aliona ile nyumba ikiwa na yeye peke yake ndani, na viatu vya Évode ambavyo hajavitoa. Kabla hajajua anasema nini, mdomo ulikuwa umeshasema.

"Mwanangu, kwa akina baba yako mtoto wa marehemu havuki bahari kabla kilio hakijaondolewa. Ni mwaka mzima."

Tiana alimtazama. "Sikujua."

"Ungejuaje? Umezaliwa huku. Baba yako mwenyewe ndiye aliyeniambia."

Kuondoa kilio kulikuwepo kweli. Akina Évode hukusanyika mwaka ukiisha, wakasali, wakala, wafiwa wakarudi kwenye maisha yao. Lakini habari ya kuvuka bahari hakuna Mrundi aliyewahi kuitaja. Dafrosa aliitunga palepale, mbele ya sinki, kijiko mkononi.

Alitegemea binti atabisha. Watoto wa Stockholm hubisha, hujibu kwa Kiswidi na kufunga mlango wa chumba. Angebisha, labda Dafrosa angelia, wangesema kweli, mambo yangeisha. Tiana hakubisha. Alileta daftari akaandika, akauliza na maswali: mila hii ni ya watoto wote au wa kike tu? Na ndege nayo ni kuvuka bahari? Mwezi wa nne wanafunzi wenzake walikwenda Åland, ng'ambo ya bahari, kwa meli, siku mbili za kucheza muziki na kula. Akakataa. Akawaambia yuko kwenye msiba wa baba yake, kuna mambo hafanyi. Siku nyingine alisimama mlangoni mwa jikoni akauliza kwa sauti ndogo, "Mama, na ile boti ya kwenda visiwa vya hapa mjini, nayo inahesabika?"

"Hiyo hapana," alijibu Dafrosa, akageukia jiko. Uso ulimwiva. Alikuwa amekuwa mtunga sheria, na raia wake alikuwa mmoja tu, mtiifu kupita kiasi.

Kila Jumapili aliazimia kusema. Kila Jumapili alirudi nyumbani hajasema, na katika Baba Yetu alianza kuipita haraka sehemu ya kuomba msamaha.

Basi ikafika Ijumaa moja ya mwezi wa tano. Chuo cha Japani kilikuwa kimewaalika wanafunzi wanaokuja, pamoja na familia zao, watembezwe chuoni kwa njia ya video. Saa mbili asubuhi ya Stockholm ni saa tisa alasiri kule. Jumatatu inayofuata ndiyo ilikuwa siku ya mwisho ya kuthibitisha nafasi. Tiana alikusudia kuwaomba wamsogezee mwaka, na kwa kuwa jambo lilihusu mila ya baba yake, alimwalika baba yake mdogo, Aron, dereva wa basi anayekaa Hjulsta, bila kumwambia mama yake.

Dafrosa alifungua mlango akamkuta shemeji yake amesimama na suti na tai.

"Shemeji, unakwenda harusini?"

"Namwakilisha kaka. Kaka angekwenda chuo cha Japani na jezi ya mpira?"

"Ni kompyuta tu, Aron."

"Kompyuta ina macho. Nipe chai."

Aron ni mkubwa wa kwaya, mtu ambaye hata habari njema huichunguza kwanza kabla ya kuipitisha kwa mwingine. Na mila za kwao anazijua hadi chembe ya mwisho. Dafrosa alitaka kumvuta kando jikoni, lakini Tiana aliita, "Wameanza!" na wote watatu wakakaa kwenye kochi, Dafrosa katikati, amebanwa kama mshitakiwa.

Kwenye skrini kulikuwa na familia nyingine sita, kila moja kwenye kidirisha chake, na katikati msichana mwembamba mwenye koti la mvua la rangi ya machungwa. Alijitambulisha kuwa Chinatsu, mwanafunzi wa mwaka wa tatu. Alikuwa ameshika simu kwenye kijiti kirefu, anatembea kinyumenyume huku akizungumza Kiingereza cha polepole, na Tiana akitafsiri.

"Anasema njia hii yote ni miti inayogeuka njano mwezi wa kumi na moja. Hapo ni baiskeli za wanafunzi."

"Mungu wangu," alisema Aron. "Zimepangwa kama askari wa gwaride. Mwulize aliyepanga kama anataka kazi kwenye gereji yetu."

"Baba mdogo, wanatusikia!"

"Wasikie. Ni sifa."

Wakaona maktaba, wanafunzi wamelala juu ya vitabu. Wakaona ukumbi ambao watu huvua viatu mlangoni, na Dafrosa, ingawa moyo ulikuwa mzito, alipenda hilo. Wakaona bwalo la chakula, na kwenye kabati la kioo sahani za samaki na wali ziking'aa.

"Chakula kimeachwa wazi hivyo?" aliuliza Dafrosa.

"Ni cha plastiki, mama. Cha kuonyesha tu."

"Na walimu?" alisema Aron. "Nao wa plastiki au wa kweli?"

Tiana alicheka. Tangu Januari Dafrosa alikuwa hajakisikia kicheko kile, na kilimchoma. Mtoto alikuwa amesogea mbele hadi ukingoni mwa kochi, mikono katikati ya magoti, anaitazama nchi ile kama mtu anayetazama chakula siku ya mfungo.

Kisha Chinatsu aliuliza kama kuna maswali. Tiana alivuta pumzi na kuzungumza kirefu kwa Kiingereza. Dafrosa alishika maneno machache tu, yakatosha: baba, amekufa, bahari, mwaka mmoja.

Chinatsu aliacha kutembea. Akasimama, akaweka miguu pamoja, akainama mbele ya simu yake, akabaki ameinama. Kwenye kidirisha kimoja baba fulani, sijui wa nchi gani, akavua kofia.

"Anasema pole," Tiana alitafsiri. "Anasema kwao pia wana mila. Bibi yake alipokufa, mwaka ule hawakutuma kadi za mwaka mpya kwa mtu yeyote. Yeye alikuwa mdogo, alikuwa ameshachora zake, akaziweka kwenye droo. Anasema anaelewa. Anataka kutusaidia."

Mila ya yule msichana ilikuwa ya kweli. Alikuwa na kadi za kweli kwenye droo ya kweli. Dafrosa alitamani kochi limmeze.

Msichana alianza kukimbia. Simu ikaruka juu na chini, ngazi, mlango, hadi ofisi ya wanafunzi wa kigeni. Mama mmoja wa makamo aliinuka mezani, akasikiliza, akainama naye. Wakaongea Kijapani kwa muda. Mama akatoa faili, akapiga simu mahali, akarudi.

"Anasema kwa kawaida haiwezekani," alisema Tiana. "Nisipokwenda Septemba nafasi anapewa aliye nyuma yangu, na mwakani sina hakika ya kupata. Lakini kwa sababu ni msiba wa baba na ni mila, watapeleka ombi kwa profesa. Wanataka barua inayoeleza hiyo mila, imesainiwa na mkubwa wa familia." Akageuka. "Ndiye wewe, baba mdogo."

Aron aliweka kikombe chini. "Mila ipi?"

"Ya kutovuka bahari kabla ya kuondoa kilio. Baba alimwambia mama."

Aron hakumtazama Tiana. Alimtazama shemeji yake, na Dafrosa aliona kwamba amejua, yote, mara moja. Alingoja amwaibishe. Ingekuwa haki, na ingekuwa nafuu. Lakini Aron alilegeza tai, akakohoa, akatoa kalamu mfuko wa ndani.

"Leta karatasi," alisema polepole. "Kama mama yako amesema, nitasaini."

Hapo ndipo Dafrosa aliposhindwa. Mtu huyu hajawahi kusema uongo hata kwa mkaguzi wa tiketi, na sasa anauchukua wake mgongoni, kwa jina la kaka yake, apate kumsitiri mjane.

"Weka kalamu, Aron."

"Shemeji, acha tu."

"Weka, nakuomba." Akamgeukia binti yake. "Tiana, hakuna mila kama hiyo. Nimeitunga mimi. Baba yako hakuniambia kitu. Niliogopa kubaki hapa peke yangu, nikamtia marehemu maneno mdomoni."

Kwenye skrini Chinatsu alikuwa bado anasubiri, kalamu na karatasi mkononi, tayari kuandika chochote watakachosema.

"Meli ya Åland," alisema Tiana hatimaye.

"Ndiyo."

"Nilikuuliza mpaka habari ya boti, mama. Boti!"

"Uliniuliza."

"Na baba? Ukweli alisema nini?"

"Alisema ukipata nafasi, hata yeye akiwa kitandani hospitali, wewe nenda. Nilimgombeza kwa kutaja hospitali."

Tiana alifuta macho kwa mkono wa sweta, akaigeukia kompyuta na kuzungumza Kiingereza, maneno machache, ameketi wima. Septemba, Dafrosa alisikia. Mama wa ofisini akachukua fomu ya kuthibitisha nafasi, akapiga mhuri, akainama tena.

"Nisamehe, mwanangu," alisema Dafrosa.

"Nitakusamehe." Tiana hakugeuka. "Lakini si leo. Leo naona chuo changu."

Aron akarudisha kalamu mfukoni. Matembezi yakaendelea, bweni, chumba chenye dirisha moja na kitanda chembamba. Dafrosa hakuthubutu kutazama sana. Alijiona kama mtu aliyeingia nyumba ya watu bila kubisha hodi. Mwishoni Chinatsu alisema kitu akitabasamu, na Tiana akatafsiri.

"Anauliza kama mama ana swali."

Maswali alikuwa nayo mengi: baridi, kanisa, nani atamjua akiugua. Hakuona kama ana haki ya hata moja.

"Mwambie anisamehe kwa kumkimbiza vile kwenye ngazi," alisema. "Na yule mama wa ofisini. Mwambie kosa ni langu, si lako wala la baba yako."

Tiana alitafsiri. Alisema maneno mengi kuliko aliyopewa, na Dafrosa hakujua ameongeza nini wala hakuuliza. Aliona tu yule msichana akisikiliza hadi mwisho, akiitikia kwa kichwa, kisha akiinama kwake yeye peke yake. Naye Dafrosa, pale kwenye kochi, akainama, na hakuinua kichwa hadi skrini ilipozimika.