Nekesa Amekataa Chai Yangu

Leo msichana wangu wa kazi amekataa chai yangu, bana. Kwa nyumba yangu!

Jana mimi na Nekesa tulitazama muvi ya Kikorea, ya zamani hata haina rangi. Mfanyakazi anaingia kwa familia, na dawa ya panya inaanza kuzunguka jikoni.

Sikulala vizuri.

Asubuhi nikaitoa dawa yetu ya panya kwa rafu ya jikoni, nikaificha. Halafu, asijue namshuku, nikampikia chai.

Akaangalia rafu. Akaangalia kikombe.

"Mama Brayo, dawa ya panya iko wapi?"

"Nimeiweka tu mahali."

"Basi onja kwanza. Kwetu Naitiri anayekaribisha ndiye huonja."

Nikaonja.

Akaniangalia weee! Alipoona sijaanguka, ndio akanywa.

Sasa watu wa Kitale, niambieni: jioni nani apike?