Kiebrania cha Jikoni

Binamu yangu alikuja kwetu na sanduku la bati, godoro lililoviringwa kwa kamba, na adabu nyingi kupita kiasi. Adabu ndiyo iliyoanza kunikera. Alitoka upande wa Ishiara, alikoolewa dada ya Baba, aje asome shule ya kutwa karibu na Makutano kwa sababu, kwa maneno ya watu wazima, "kijana ana kichwa". Mimi pia nina kichwa. Nimekuwa nacho tangu nizaliwe na hakuna siku kiliitiwa mkutano wa familia.

Baba ni mchungaji, na tena anafundisha Kiebrania katika chuo kidogo cha Biblia. Si somo la kujaza darasa. Mvua ikinyesha kidogo wanafunzi wake hugundua kwamba Agano la Kale linaweza kungoja hadi jua litoke. Yeye mwenyewe alifundishwa na mmisheni mzee kutoka Uskoti, ambaye alipokuwa akirudi kwao alimwachia Biblia yake ya Kiebrania: jalada jeusi, kurasa nyembamba kama ganda la kitunguu. Inakaa juu ya kabati ya vyombo. Tangu nikiwa mdogo nilijua kwamba siku moja itakuwa yangu. Hakuna aliyeniambia. Nilijua tu, kama mtu anavyojua upande wake wa kitanda. Mimi ndiye kifungua mimba.

Sasa, Jumamosi moja baada ya binamu kufika, Baba alituita sisi wawili mezani. Akafungua kitabu upande ambao mimi ningeuita mwisho, akasema hapa ndipo mwanzo, na husomwa kutoka kulia. Kisha akatamka herufi moja inayotoka chini kabisa ya koo.

"Baba," nikasema, "hapo umesoma au umekohoa?"

Binamu alicheka. Niliona mabega yake yakiruka. Lakini aligeuza kicheko chake kikawa kikohozi, akaziba mdomo kwa kitambaa, na kikohozi hicho kikahesabiwa kama mazoezi.

"Lugha ya manabii si komedi," Baba akaniambia. "Nenda umsaidie mama yako. Ukimaliza mzaha utarudi."

Nani amewahi kumaliza mzaha? Nikaenda jikoni. Kiti changu kikabaki kitupu wiki moja, halafu binamu akaanza kukiwekea sweta yake.

Kati ya jiko letu na sebule kuna kidirisha cha kupitishia sahani. Mlango wake wa mbao haufungi vizuri. Kila Jumamosi nilikaa chini yake nikichambua njahi, yale maharagwe meusi, au nikimenya viazi, na Kiebrania chote kilinimwagikia kichwani kama maji kutoka paa bovu. Niliwasikia wakirudia sentensi. Nilimsikia Baba akisema "vizuri sana, kijana wangu" kwa sauti ambayo mimi huisikia tu akiombea wagonjwa. Ilinichoma, sitaki kudanganya. Kuna Jumamosi nilimenya kiazi hadi kikabaki saizi ya gololi.

Sentensi waliyoirudia zaidi ilikuwa ile ya Torati inayokataza kumpika mwana-mbuzi katika maziwa ya mama yake. Baba aliipenda kwa kuwa ni fupi na ina sauti nyingi muhimu. Aliwapa wanafunzi wake wote. Alimweleza binamu kwamba wasomi wamebishana juu yake miaka mingi: wengine wanasema ilikuwa kuzuia desturi ya Wakanaani, wengine wanasema ni huruma kwa wanyama, na kwamba Wayahudi walijengea hapo sheria nzima ya chakula, nyama na maziwa visikutane mezani. Binamu akasema, "Inafurahisha sana, Anko." Inafurahisha! Kijana wa miaka kumi na sita.

Niliishika ile sentensi. Asubuhi nikimkamua mbuzi wetu nilikuwa namsomea, nikiiga koo la Baba, na yeye akinitazama kwa yale macho yake ya mstatili. Ni mbuzi wa maziwa, wale wakubwa wa masikio ya kulala, na Mama anauza maziwa yake kwa majirani. Alikuwa mwanafunzi mwema kuliko wengi wa chuoni. Hata mvua ikinyesha alikuwepo.

Halafu ikaja habari ya profesa. Myahudi halisi, msomi wa Torati, alikuwa anapita Meru kuwatembelea walimu wa vyuo vya Biblia, kujua Wakristo wa huku wanasomaje Kiebrania. Baba alimwalika chakula cha mchana Jumapili. Jumamosi haingewezekana, Baba alieleza, kwa sababu ya Sabato. Nilishangaa kidogo. Vile Baba alivyokuwa akifundisha, nilidhani Wayahudi waliishia kwenye Biblia, wakafungiwa humo pamoja na ngamia wao.

Usingizi ulinipaa kwa habari nyingine. Nikiwa chini ya kidirisha changu nilimsikia Baba akimwambia Mama: "Kijana atasoma zaburi mbele ya mgeni. Akimaliza, nitampa kile kitabu. Nataka mgeni ashuhudie."

"Na msichana wako?" Mama akauliza.

"Yule? Yule atakisomea wapi? Atakifanyia vichekesho."

Niliweka kisu chini. Sikulia, kwanza kulikuwa na vitunguu, hakuna ambaye angejua tofauti.

Jumapili Baba alivaa suti ya kufungisha harusi. Alikuwa ameandaa kila kitu kwa akili: mwana-mbuzi dume wa mbuzi wetu, ambaye hata hivyo hatungemfuga kwa kuwa dume halikamuliwi, alipelekwa na binamu kwa mchinjaji wa Majengo, kwa sababu Baba alisema Waislamu huchinja kwa njia inayokaribiana na ya Wayahudi, damu yote itoke. Alijivunia sana hilo. Alilieleza kanisani mara mbili.

Mimi nilikuwa jikoni, nikikoroga. Mama alikuja na jagi la maziwa niliyoyakamua asubuhi ile ile, akayamimina yote kwenye sufuria ya nyama. Kikundi cha akina mama wa kanisa ndicho kilichomfundisha: nyama ya mbuzi ikitokota kwenye maziwa inalainika na ile harufu kali inaondoka. Anawapikia hivyo wageni wa heshima tu. Askofu alikula hivyo akaomba kuongezewa.

Nilikoroga mara kadhaa nikinung'unika moyoni juu ya kitabu. Halafu mkono ukasimama wenyewe. Nikatazama sufuria. Nikatazama nje, mbuzi wetu amesimama kwenye banda lake akimwita mwanawe.

Kaai, nikasema.

Kwa muda mfupi nilikuwa mtu mwenye furaha kuliko wote wilayani. Niliona picha yote: binamu na shati lake lililopigwa pasi, akisoma zaburi kwa sauti ya malaika, na nyuma yake Mama akiingia na hiyo sufuria. Mwanafunzi bora, mwenye kichwa, ndiye aliyempeleka mbuzi kuchinjwa. Wacha aeleze. Wacha aseme inafurahisha sana.

Kisha Baba akapita mlangoni akihangaika na tai yake. Alikuwa anatamka maneno ya kumkaribisha mgeni kwa Kiebrania, kwa kunong'ona, kama mtoto anayetumwa dukani na anaogopa kusahau. Miaka yote hiyo alikuwa hajawahi kumsemesha mtu ambaye lugha hii ni ya kwao.

"Baba, hii nyama hailiki," nikasema.

"Si leo. Tafadhali, mzaha wako si leo."

"Sio mzaha."

"Nimesema si leo!"

Ungefanya nini? Nikanyoosha mwiko juu ya sufuria kama Musa juu ya bahari, nikaitamka ile sentensi kwa Kiebrania, yote, tangu mwanzo hadi mwisho, na kikohozi chake.

Baba aliacha tai. Alinitazama mimi kwanza, na nakumbuka vizuri kwamba alinitazama mimi kwanza. Kisha sufuria. Kisha nje kwenye banda, ambako mbuzi alilia tena, kana kwamba tulikuwa tumepanga naye.

"Hayo maziwa ni ya nani?" akauliza polepole.

"Ya huyo huyo anayekuita."

"Mama!" Baba akasema. "Hii sufuria lazima itoke."

"Itoke iende wapi?" Mama akaweka mikono kiunoni. "Nimepika tangu nirudi kanisani!"

Baba akamweleza. Mama alimsikiliza hadi mwisho, halafu akasema: "Miaka yote hii unafundisha hiyo maneno, hata siku moja hukuniambia ni mapishi?"

Nadhani hata yule mmisheni hangekuwa na jibu la hilo. Binamu aliitwa, akabeba sufuria kupitia mwanya wa ua hadi kwa jirani, bibi mmoja mzee, na aliporudi mgeni alikuwa tayari anagonga lango.

Tulingoja mzee wa ndevu. Akaingia mama mmoja mfupi mwenye mvi, viatu vya kupandia mlima, begi mgongoni. "Muga!" akatusalimu, Kimeru cha kufundishwa njiani, na kabla ya kuketi akauliza kama anaweza kuchaji simu. Hapo ngamia wangu wote wakakimbia.

Tulimwandalia mukimo wa viazi na mahindi ya kuponda, uliokuwa uliwe na ile nyama, pamoja na mayai ya kuchemsha na avokado. Alivuta hewa. "Kuna kitu kinanukia vizuri sana," alisema kwa Kiingereza, lugha tuliyozungumza naye mchana wote. Baba akaanza kuongea haraka juu ya hali ya hewa. Lakini binamu yangu hajui kudanganya, hilo nalo ni jambo lingine linalonikera, akasema: "Ilikuwa mbuzi, Profesa. Mtoto wa mbuzi wetu, kwa maziwa ya mama yake. Mimi ndiye niliyempeleka kuchinjwa na sikufikiria. Huyu ndiye aliyefikiria." Akanionyesha mimi.

Unaona huyo msee? Hata nafasi ya kumchukia kwa raha hakuniachia.

Profesa alicheka hadi akavua miwani. Akasema bibi yake alikuwa na sufuria za nyama na sufuria za maziwa, na mtoto aliyechanganya vijiko alikimbizwa hadi barabarani. Yeye aliijua hiyo amri kwa mgongo kabla ya kuijua kwa macho. Nyama hata hivyo hangeila, aliongeza, iwe imepikwa vipi, kwa kuwa akisafiri hali nyama kabisa.

"Kwa hivyo hata tungeiacha?" Mama akauliza.

"Nisingeigusa."

Mama alitazama mukimo wake kwa muda mrefu.

Profesa akaniomba niiseme ile sentensi. Nikaisema. Akainamisha kichwa, akasikiliza kama fundi anayesikiliza injini. "Ajabu," akasema. "Unatamka kama profesa wa Ulaya aliyekufa zamani sana." Nilicheka, kisha nikamwona Baba. Ile ilikuwa sauti yake. Ndiyo aliyopewa na mzee wake wa Uskoti, akaitunza.

Binamu akasoma zaburi, vizuri kabisa, kama kawaida yake ya kuudhi. Baada yake Baba akampa mgeni kitabu chenyewe, na mgeni akasoma ukurasa ule ule bila kidole, bila kusimama, huku akipangusa avokado kidoleni, kama mtu anayesoma bei za sokoni. Wakaanza kubishana. Baba akamuuliza inakuwaje watu wake wasome manabii wote hao na wasimwone Yesu mle ndani. "Mchungaji," akajibu, "sisi tulikuwa tunaisoma kabla hamjaja kutuambia ndani mna nani." Baba akacheka, akafungua ukurasa mwingine, wakaendelea.

Lakini mimi nilikuwa namtazama Baba anavyomtazama mgeni akisoma. Baba alitabasamu kwa midomo, macho yakabaki kwenye kile kidole ambacho hakikuhitajika. Niliujua ule uso. Nilikuwa nimeuvaa kila Jumamosi chini ya kidirisha. Sikujua kwamba watu wazima pia wanao, sikujua kwamba wachungaji wanaruhusiwa.

Mgeni aliondoka jioni. Kitabu hakikutolewa kwa mtu. Baba alikishika kifuani hadi gari lilipopotea, akakirudisha juu ya kabati. Jirani akaleta sufuria ikiwa imelambwa, akitaka kujua tulitia nini.

Jumamosi iliyofuata niliketi jikoni na viazi vyangu. Kidirisha kikafunguliwa kutoka upande wa pili.

"Unangoja nini huko?" Baba akasema.

Nilikimbia, nikapunguza mwendo mlangoni ili nisionekane nilikimbia. Viti vilikuwa vitatu. Nilikuwa nimeota viwili. Sweta ilikuwa imeondolewa kwenye changu, lakini mwenyewe alikuwepo palepale, na shati lake.

"Huyu anajua kwa masikio tu," Baba akamwambia binamu. "Mwanzishe herufi."

Mwanzishe! Yeye! Anianzishe mimi!

Binamu akaweka kidole kwenye ukurasa. "Hii ndiyo ya kwanza," akasema kwa upole wake ule.

"Naijua," nikasema, na ilikuwa mara yangu ya kwanza kuiona. Ilifanana na mtu aliyeteleza kwenye matope na bado anataka kusalimia. Nilikuwa karibu kulisema hilo. Nikalimeza, likanikwaruza koo, ikatoka sauti ambayo kwa bahati ilikuwa herufi nyingine.

Binamu alingoja. Hakucheka. Akakisogeza kitabu kidogo upande wangu, ili nione vizuri. Mimi nikakivuta kidogo zaidi.

"Katikati," Baba akasema, bila kuinua macho.