Mashu Yote Iko

Jumapili iliyopita walinivika medali ya ubingwa wa rali, rafiki yangu, na hadi leo shingo yangu inajivuna. Nikarudi Goma na gari langu lililojaa vumbi. Pale Mabanga, karibu na kwetu, nikasikia magurudumu ya mbao yakilia nyuma yangu, kwiii, kwiii. Chukudu! Nikazima moteri palepale. Machozi yalinitoka, wala sioni haya kusema.

Mimi udereva niliujulia kwenye chukudu ya papa, ile ya mbao isiyo na pedali, unayoipigia goti moja na kuisukuma kwa mguu wa pili. Papa alikuwa akishusha viazi na mashu, yaani kabichi nono za Kibumba, mpaka sokoni. Asubuhi nyumba yetu ilinukia udongo mbichi na sombe ya jana, yale majani ya muhogo ya kutwanga, ikipashwa moto. Kazi yangu ilikuwa kupaka magurudumu mafuta machafu ya moteri.

Kisha papa akaanguka, akavunjika goti. Mama mmoja mwuza viazi ndiye aliyegawa kazi ya kushusha mizigo ya msimu, na alimpa yule aliyeshinda mbio za kushuka kutoka Kibumba. Tukiikosa kazi hiyo, chukudu inauzwa, papa alishasema. Nikatangaza kwamba nitashindana mimi.

"Mutoto mwanamuke juu ya chukudu? Eh, Yesu wangu!" jirani yetu akacheka. Yeye ndiye aliyekuwa bingwa, na alihakikisha hatusahau.

Koko, mama yake papa, hakucheka. Sheria ya mbio ilikuwa kila mtu ashuke na mzigo, na ukiangusha shu moja tu, umeshindwa hata ukitangulia. Wanaume walirundika magunia nyuma na mashu juu yake, kama walivyozoea. Koko akavivuta viazi vyangu mbele, chini ya usukani.

"Papa yako iko muzito," akasema. "Weye uko mwepesi. Bila viazi huku mbele, gurudumu itaruka."

Weee, tuliteremka! Mawe ya lava yaligonganisha meno yangu. Jirani alinitangulia mpaka kwenye kona mbaya ya Kibati. Hapo akakanyaga kwa nguvu mpira wa breki ulio juu ya gurudumu la nyuma, ukanuka kuungua. Chukudu yake ikayumba, mashu yakatapakaa barabarani, mbuzi wakala karamu. Mimi nililalia upande wa kona, goti likiwaka moto, na gurudumu la mbele likashika njia. Nikapita.

Sokoni watu walipiga vigelegele, lakini koko, aliyeshuka kwa lori, hakunitazama hata usoni. Aliizunguka chukudu akigusa shu mojamoja. Kisha akarusha mikono juu: "Mashu yote iko!" Mama wa viazi akanipa mizigo ya msimu mzima. Papa akalia mbele ya watu, na tangu siku hiyo akaniita shofa wake, yaani dereva wake.

Leo koko hayupo. Kona ile ililiwa na lava, na viazi vingi vinashushwa kwa pikipiki. Namkumbuka sana, jamani, hasa nikishinda.

Basi Jumapili ile nilipofika na gari, papa alitoka nyumbani na fimbo yake. Nilitaka kumvika medali, akaisogeza kando kwanza. Akalizunguka gari langu polepole, akigusa huku na huku, kisha akanikazia macho.

"Mashu yote iko?"

"Iko yote, papa."

Ndipo akainamisha shingo.