Kwa Nini Kwamboka Alirudi

Jumapili ile tulikuwa tukifua sweta nyuma ya bweni, mimi na Kwamboka, naye akilalamika kwamba sabuni yangu haitoi povu. Shule yetu ya wasichana ilikuwa upande wa Nyamira, karibu na mpaka wa wilaya jirani, katikati ya mashamba ya majani chai. Tangu uchaguzi, watu wa pande mbili za mpaka walikuwa wakichomeana nyumba. Tuliambiwa shuleni ni salama.

Kisha tukaona moshi kwenye kilima cha jirani. Matroni akatuamuru tuache nguo, tutokee lango la nyuma.

Tukakimbia.

Ndani ya majani chai Kwamboka alisimama. "Nyanchama yuko chumba cha wagonjwa," akasema, akageuka. Nyanchama alikuwa wa kidato cha kwanza, amelazwa na malaria.

Nikiwa nimejificha pale, niliwaona yeye na Nyanchama wakitoka langoni pamoja. Wavamizi walikuwa wameshaingia shuleni, na mshale wao ukampata Kwamboka mgongoni. Matroni, aliyekuwa bado karibu na lango, akambeba Nyanchama, akakimbia naye.

Kwamboka alifia pale.

Shule ilipofunguliwa tena, kitanda chake hakikuwepo. Tuliambiwa tushike masomo, mambo yale tuyasahau. Jina lake halikutajwa tena kwenye paredi ya asubuhi.

Sasa naishi mtaa wa Nyanchwa, napiga video za harusi na matanga. Mwaka jana niliamua kutengeneza filamu kuhusu siku ile. Mwalimu mkuu wa sasa alihofia sifa ya shule, lakini akasema familia ikikubali, yeye hatafunga mlango.

Nikaenda Nyamache kwa Mama Kwamboka. Nilipowasha kamera, yeye ndiye aliyeanza kuuliza. Shule ilimwambia tu kwamba binti yake alichelewa kukimbia. Miaka yote hiyo alijiuliza kama mtoto aliita watu na wakamwacha.

Nikamweleza nilichokiona.

"Kumbe hakuachwa," akasema. "Alirudi mwenyewe."

"Ndiyo, mama."

Kisha akataka kujua kama yule mgonjwa alipona.

Nilimpata Nyanchama katika soko la Daraja Mbili, akiuza mitumba. Tulipoonyesha filamu katika bwalo la shule, alisimama mlangoni, akiogopa kuingia. Mama Kwamboka alisogea kwenye benchi, akampa nafasi. Baadaye mwalimu mkuu aliomba msamaha kwa niaba ya shule, ingawa enzi zile hakuwepo. Wanafunzi waliuliza maswali mpaka chakula kikapoa.

Filamu haikumrudisha Kwamboka. Mama yake bado husema afadhali angekimbia tu kama wenzake, nami siwezi kumlaumu. Lakini Nyanchama humtembelea siku za soko. Wakikaa kunywa chai humzungumzia Kwamboka kwa jina, bila kunong'ona, na juzi niliwakuta wakicheka.